"Mmeelewa?" "Ndiyo, Mwalimu!"

Pita karibu na darasa lolote la shule zetu za msingi, nawe hutakosa kuusikia wimbo huu. Mwalimu huanza neno, akaivuta sauti, kisha akalikatiza: "Kinyume cha juu ni chi...?" Watoto hamsini huitikia kwa pamoja: "Ni!" Halafu huuliza kama wameelewa, nao hupaaza sauti kwamba wameelewa. Somo limekwisha.

Ni nani kati ya hao hamsini ambaye hakuelewa? Hakuna ajuaye. Aliyeketi nyuma alifumbua kinywa tu, kama tulivyofanya wengi wetu enzi zetu.

Simlaumu mwalimu peke yake. Tangu elimu ya msingi bila malipo ilipoanza mwaka wa 2003, madarasa mengi yalifurika. Isitoshe, kuanzia mwaka wa nne masomo hufundishwa kwa Kiingereza, lugha ambayo watoto wengi wa mashambani huisikia shuleni tu. Ajuaye jibu kwa Kikamba au Kigiriama hunyamaza, naye huhesabiwa mjinga.

Kiboko kilipigwa marufuku mwaka wa 2001. Lakini kicheko cha wenzake na ile "keti chini!" ya mwalimu humwuma mtoto vilevile, na alama yake haionekani.

Mtaala wa umilisi, ulioanza kutekelezwa kote nchini mwaka wa 2019, unamtaka mwanafunzi aulize na ajadiliane. Vyema. Basi wakuu wa elimu na watupigie hesabu: watoto themanini wakigawana kipindi cha dakika 35, kila mmoja hapati hata nusu dakika, na mwalimu mwenyewe bado hajasema neno.