Nyundo ya Mhunzi na Suala la Kufu

Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende. Methali hiyo niliikumbuka majuzi nilipofunga safari kutoka Mombasa kwenda Nairobi kwa shughuli isiyopendeza, nayo ni kupeleleza watu.

Binti wa marehemu kaka yangu, akaaye na mamake Majengo, Pumwani, alikuwa ameposwa. Hana baba, babu wala kaka. Walii wake ni mimi. Kijana mwenyewe ana dini na adabu, na hakuna aliyemtia ila. Lakini habari zilitufikia kwamba babake hufua chuma Kamukunji, na kwamba babu yake, aliyesilimu ujanani, alitoka katika ukoo wa wahunzi wa Kikuyu. Basi barazani pakazuka mnong'ono.

"Hao ni watu wa maapizo," akasema ami yetu mkubwa. "Mhunzi akigonga nyundo na kukutaja jina, umekwisha." Mwingine akakumbusha kwamba hata wanazuoni wa madhehebu yetu ya Shafii, wanapoeleza kufu, huitaja na kazi ya mtu. Nikaambiwa: nenda katazame.

KELELE ZA KAMUKUNJI

Msomaji ambaye hajafika huko na afahamu kwamba Kamukunji husikika kabla ya kuonekana. Niliposwali adhuhuri katika msikiti wa Riyadha, nilishika njia kwa miguu, na mlio wa nyundo ndio ulioniongoza. Mafundi wamekaa bega kwa bega. Huyu anapasua pipa la mafuta kwa patasi, yule ananyoosha bati, wa tatu anakunja ukingo wa karai. Kutoka katika vyuma vilivyotupwa hutoka masanduku ya wanafunzi, matoroli, vikaango vya chapati na yale majiko ya makaa yenye bati nje na udongo uliochomwa ndani, yaliyoenea tangu miaka ya 1980 kwa kuwa hayali makaa mengi.

Babake kijana nilimkuta akifua. Tukaamkiana kwa salamu ya Kiislamu, akanipangusia kiti. Tulizungumza ya dunia hata nikapata moyo wa kumuuliza juu ya laana ya wahunzi. Aliiweka nyundo chini, akacheka.

"Ndugu yangu," akasema, "zamani hakuna aliyethubutu kugusa hata jivu la mhunzi. Leo nikigeuka tu, nyundo yangu haipo. Lau ningekuwa na laana hiyo, ningeanza na hao wanaotaka jiko kwa bei ya bati tupu!"

Nami nilicheka, lakini maneno yake hayakunitoka kichwani.

LAANA ILIKUWA UA

Kwa Wakikuyu mhunzi huitwa muturi. Jomo Kenyatta, katika kitabu chake cha mwaka 1938, ameeleza jinsi mchanga wenye chuma ulivyokusanywa mitoni ukayeyushwa kwa moto wa makaa na mivukuto. Apizo la mtu huyo liliogopwa mno. Wamaasai nao waliwatenga wahunzi wao, Ilkunono, wala hawakuoana nao. Na aliyepokea silaha mpya kutoka kwao alijipaka mafuta mikononi kwanza. Kule Ufipa, Tanzania, tanuri la kuyeyushia chuma lilihesabiwa kuwa bibi harusi, na dawa zikatiwa ndani yake.

Kwa nini? Mtu anayeugeuza mchanga kuwa upanga, asiyeijua kazi yake atasema ni uchawi. Mhunzi naye hakukanusha, kwani hofu ile ilikuwa ua wa shamba lake. Ilizuia wizi, ikalinda elimu yake, ikamfanya mdeni alipe. Lakini ndani ya ua ule palikuwa na ujuzi. Mwaka 1978 wataalamu Peter Schmidt na Donald Avery walitangaza kwamba mababu wa Wahaya, magharibi ya ziwa Victoria, walikuwa wakitengeneza chuma cha pua yapata miaka 1,500 iliyopita au zaidi, kwa kuipasha hewa moto kabla haijafika ndani ya tanuri.

Na sisi wa pwani tusijitoe. Al-Idrisi, katika karne ya 12, aliandika kwamba chuma kilikuwa biashara ya Malindi na Mombasa. Huko Galu, kusini ya Mombasa, yamefukuliwa mabaki ya uyeyushaji wa chuma. Hao waliofua walikuwa nani kama si wazee wetu?

Leo ua umeanguka. Shirika la Kazi Duniani liliwasifu mafundi wadogo wa Kenya katika ripoti yake ya mwaka 1972. Rais Moi aliwatembelea Kamukunji mwaka 1985, na baadaye mabanda yakajengwa. Lakini wengi wangali juani, ndiyo maana wakaitwa jua kali. Zamani mhunzi alitengwa akiogopwa. Siku hizi hakuna amwogopaye, lakini dharau imebaki pale pale.

JIBU LA BARAZANI

Niliporudi Mombasa niliwaambia wazee mambo mawili. Kwanza, kufu ni haki ya binti na walii wake. Wakiridhia wao, ndoa husihi. Binti ameridhia, na mimi nimeridhia. Pili, Mwenyezi Mungu alimlainishia chuma Nabii Daud, amani iwe juu yake, akafua deraya kwa mikono yake. Kazi aliyoifanya Mtume, itamvunjia nani heshima?

Ami alinyamaza, akajifanya anatafuta tasbihi yake.

Sikumwambia jambo la tatu. Siku ya kuondoka, yule mzee wa Kamukunji alinipa mbuzi ya nazi aliyoifua mwenyewe, meno yake makali kama ya papa, akakataa katakata kupokea pesa. Ijumaa iliyofuata wali wetu ulipikwa kwa nazi iliyokunwa kwa mbuzi ile. Ami alikula sahani mbili, akauliza kama ukoko umebaki. Mpaka leo hajambo, na ndiye aliyetoa shauri kwamba nikaha isomwe kabla ya Ramadhani.