Filamu ya Kweli Nayo Ina Igizo

Mtu akijua anapigwa picha, hubadilika. Mama wa Buger, wilayani Karatu, anayepepeta maharage atajifunga upya kitenge chake. Mzee atakohoa kwanza ndipo aseme. Kwa hiyo filamu ya hali halisi isiyo na chembe ya igizo haipo. La kuuliza ni nani ameamua igizo hilo, na kama mtazamaji anaruhusiwa kuliona.

Mmarekani Robert Flaherty alitoa Nanook of the North mwaka 1922, kuhusu Wainuit wa kaskazini mwa Kanada. Nyumba ya barafu ilijengwa nusu tu ili mwanga uingie, na hata jina Nanook alibandikwa mhusika, ambaye kwao aliitwa Allakariallak. Watazamaji hawakuambiwa. Mwaka 1958 Mfaransa Jean Rouch alifuata njia nyingine katika Moi, un noir: vijana wa Niger waliohamia Abidjan walicheza maisha yao wenyewe, kisha wakayasimulia kwa sauti zao huku wakiitazama picha. Igizo lilikuwa wazi, tena lilikuwa lao.

Kwetu Tanzania pia zipo njia hizo mbili. Filamu ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael kuhusu Serengeti, ya mwaka 1959, ilipata Oscar na kuitangaza nchi hii duniani. Lakini anayesema humo ni msimulizi, na wenyeji husemewa. Mtanzania Flora M'mbugu-Schelling alimwondoa msimulizi kabisa katika These Hands ya mwaka 1992. Kwa dakika 45 tunakaa Kunduchi, Dar es Salaam, na wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji wanaoponda kokoto kwa nyundo. Mlio wa nyundo haukatizwi haraka, hata anayetazama anaanza kuusikia uchovu begani. Kisha wanaimba. Katika wimbo huo wanawake wenyewe ndio wanaoamua waonekane vipi, na hapo tunawajua zaidi ya ambavyo maelezo yoyote yangetujulisha.

Somo hili linaihusu Karatu moja kwa moja. Kando ya Ziwa Eyasi, Wahadzabe huwachukua watalii kwenda kuwinda nao. Ukiurekodi msafara huo na kuuita siku ya kawaida ya mwindaji, umedanganya. Yaache magari ya utalii yaonekane, ioneshe na fedha ikitoka mkono hadi mkono, nawe utakuwa umerekodi kweli ya leo.

Kijana wa Buger mwenye simu na hamu ya kurekodi maisha ya Wairaqw aanze hivi: awaulize wahusika ni tukio gani wangependa kulicheza, asiifute sauti yake anapowaelekeza, na awaoneshe kazi kabla ya kuitoa, ili wakatae kisichowafaa. Kupanga tukio si kosa. Kosa ni kumfanya mtazamaji aamini kwamba halikupangwa.