Burudani Nayo Ni Habari za Kazi

Machi 2011, shirika la BBC la Uingereza lilionyesha kipindi kilichoitwa Famous, Rich and in the Slums. Watu wanne mashuhuri wa huko, mchekeshaji Lenny Henry, mwigizaji Samantha Womack, mtangazaji Reggie Yates na msomaji habari wa siku nyingi Angela Rippon, waliletwa Kibera wakae juma moja katika vyumba vya mabati na kutafuta vibarua kama majirani zao. Kipindi kilitengenezwa kwa ajili ya Comic Relief, shirika la hisani ambalo hukusanya michango kupitia televisheni. Henry alikutana na watoto yatima waliokuwa wakiishi katika chumba kilichopakana na choo, akalia mbele ya kamera, akashughulikia wapate makao mengine. Machozi yale siyatilii shaka. Ninachouliza ni cha kikazi: ni nani hapa Nairobi aliyestahili kurudi kwenye uchochoro ule mwezi uliofuata, akaulize kodi ya chumba kipya inalipwa na nani, na wapangaji waliobaki kwenye ploti ile wana lipi la kusema? Kwa maoni yangu ni mwandishi wa burudani. Asiyejua kwamba hilo ni jukumu lake bado hajaijua kazi yake, hata awe ameifanya miaka 10.

Katika vyumba vingi vya habari, dawati la burudani huchukuliwa kuwa mahali pa kuanzia, ambapo kijana hupewa nafasi kabla ya kupandishwa kwenda siasa au biashara. Wengi wanaoliandikia ni waandishi wa kujitegemea wanaolipwa kwa kila habari inayochapishwa. Vipindi vya uhalisia vimewapa riziki kwa zaidi ya miongo miwili sasa. Big Brother Africa ilianza mwaka 2003. Tusker Project Fame ikafuata mwaka 2006, ambapo Mkenya Valerie Kimani aliibuka mshindi wa kwanza, na mwaka 2012 Ruth Matete akaondoka na ushindi na shilingi milioni 5. Baadaye likaja wimbi la vipindi vya Showmax, jukwaa la mtandaoni, lililotufikisha kwenye The Real Housewives of Nairobi Februari 2023. Kwa mwandishi, kila msimu una ratiba inayojulikana: barua ya matangazo, onyesho la wanahabari, muhtasari wa kila sehemu, mahojiano na aliyetolewa, kisha uvumi wa nani atarudi. Anayefuata ratiba hiyo peke yake huwa anaandika mambo ambayo mtayarishaji alishayapanga yaandikwe.

Ili kuona pengo la uandishi huo liko wapi, ni lazima kwanza tuelewe jinsi vipindi hivi vinavyotengenezwa. Tuseme mshiriki ameketi peke yake, nyuma yake taa na maua, anaulizwa na mtayarishaji ambaye sauti yake itaondolewa baadaye: ulijisikiaje mwenzako alipochelewa? Anajibu kwamba hakukasirika, ila kwa dakika moja alidhani anadharauliwa. Mhariri wa picha anaikata nusu ya kwanza, anabakiza maneno ya kudharauliwa, na kuyapachika juu ya picha ya yule mwenzake akicheka, kicheko ambacho huenda kilitokana na mzaha wa saa mbili kabla. Kila neno lilitamkwa kweli na kila picha ilipigwa kweli, lakini ugomvi umezaliwa kwenye kompyuta. Mara nyingi maungamo hayo ya kitini hurekodiwa siku au wiki kadhaa baada ya tukio, mshiriki akiwa amerudia nguo na mtindo wa nywele wa mwanzo. Jicho lililofundwa huzigundua alama: sauti inayobadilika mwangwi katikati ya sentensi, uso usioonekana pale hasa maneno makali yanapotoka, saa ya ukutani inayoruka. Mwandishi anayejua haya hawezi kuandika kwamba fulani amemtukana fulani kana kwamba alikuwapo. Ataandika kwamba kipindi kimeonyesha hivyo, kisha amtafute fulani na kumuuliza.

Kawangware inaonyesha pengo hilo kwa namna nyingine. Mtaa huu umepakana na Lavington, na kila asubuhi yaya na mama fua wanavuka mpaka huo kwa miguu kwenda kwenye nyumba zenye lango na bawabu. Katikati ya miaka ya 2010, KTN ilikuwa na kichekesho kilichoitwa The Real Househelps of Kawangware, ambacho kiliwapa jina wachekeshaji kama Njugush na DJ Shiti. Kiliiga jina la vipindi vya Real Housewives vilivyoanzia Orange County, California, mwaka 2006, lakini kikaelekeza kamera kwa wafanyakazi wa nyumbani badala ya mabibi wenye nyumba. Kwa hiyo Wakenya walipata kichekesho miaka kadhaa kabla ya kupata kipindi chenyewe cha Nairobi, na kichekesho ndicho kilichouliza swali la msingi: katika jumba hili la kifahari, nani anafanya kazi? Kipindi chenyewe kilipofika, kikiwa na Vera Sidika, Susan Kaittany, Minne Kariuki, Sonal Maherali na Lisa Christoffersen, magauni na magomvi ndiyo yaliyoleta mazungumzo. Tangu Mei 2022, kima cha chini cha mshahara wa mfanyakazi wa nyumbani jijini Nairobi kilikuwa shilingi 15,201.65 kwa mwezi bila posho ya nyumba. Mwandishi wa burudani angeweza kuiweka hesabu hiyo kando ya meza ya chakula inayoonekana kwenye skrini, akatafuta wanaopika na kufua katika nyumba za aina ile, akauliza wangapi wanalipwa kiasi hicho. Hiyo ingekuwa habari ya burudani halisi, kwa sababu anasa ndiyo bidhaa ambayo kipindi kinauza, na anasa ina gharama inayobebwa na mtu.

Nitajibiwa kwamba msomaji hataki hayo; anataka udaku, na asipoupata kwako ataufuata kwingine. Hoja hii ina uzito, maana gazeti lisilosomwa halimsaidii mtu. Lakini inachukulia kwamba mtazamaji wa Kawangware hayaoni mambo ya tabaka anapotazama televisheni, ilhali kichekesho kilichojengwa juu ya mambo hayo kilipendwa mno mitaani. Udaku wenyewe mara nyingi ni swali la pesa na heshima lililovaa nguo nyingine: watu wanapobishana iwapo gari la msanii ni la kukodi, wanabishana kuhusu nani anastahili nini. Mwandishi anayeleta jibu lililothibitishwa hamnyimi msomaji utamu wake. Anayetafuta kiki anaweza kumzuia kidogo, na sioni hasara katika hilo.

Wengine watasema washiriki wamefungwa na mikataba, hawaruhusiwi kueleza walilipwa nini wala nini kiliachwa nje. Ni kweli, lakini mkataba humfunga aliyetia sahihi. Haumfungi mwenye ploti aliyekodisha chumba, mama mboga aliyehamishwa kibanda chake ili picha itoke vizuri, wala jirani aliyeonekana akipita bila kuombwa ruhusa. Zaidi ya hayo, Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, inamtaka anayetengeneza filamu ya kuonyeshwa hadharani awe na leseni, kwa hiyo mwandishi ana pa kuanzia: nani aliomba, na alisema atapiga nini. Mtaani nako mambo hayafichiki. Mtu anayejua kutoka Makina hadi Laini Saba, anayejua mzee wa kijiji ni nani na kamera ilipita wapi, atapata kwa siku moja yale ambayo mgeni hatayapata kwa mwezi. Ujuzi huo wa mtaani ulihitajika zamani. Kwa miaka mingi ilirudiwa kwamba Kibera ina watu milioni moja, hadi sensa ya 2009 ilipohesabu takriban 170,000.

Kwa bahati, mafunzo ya aina hiyo yapo hapohapo. Redio ya Pamoja FM imekuwa ikitangaza kutoka Kibera, na Kibera News Network ilizaliwa mwaka 2010 kutokana na mradi wa Map Kibera, vijana wakishika kamera ndogo na kuripoti vijiji vyao. Kijana aliyepitia huko anakuja kwenye dawati la burudani akiwa na kitu ambacho chuo hakimpi: amewahi kusimama pande zote mbili za kamera. Anajua wanaopigwa picha huulizana nini wageni wakishaondoka.

Pingamizi linalonisumbua kweli ni la pesa. Anayelipwa kwa habari moja hawezi kutumia siku nne kutafuta ukweli wa tukio la dakika tatu, na katika hali hiyo bahasha inayotolewa kwenye uzinduzi kwa jina la nauli huwa na nguvu kuliko kanuni za maadili zilizoambatishwa kwenye Sheria ya Baraza la Vyombo vya Habari ya 2013. Kumhubiria mwandishi wa namna hiyo ni kumwonea. Anayepaswa kubanwa ni mhariri, na anachohitaji kufanya si kikubwa: aache mihtasari mitatu ambayo kila mtu ameshaiona kwenye simu, alipe kwa bei ya mitatu makala moja iliyofika mtaani.

Kwamba makala kama hizo huleta mabadiliko, ushahidi upo. Nchini Uingereza, ITV ilifuta The Jeremy Kyle Show Mei 2019 baada ya kifo cha mtu aliyekuwa ameshiriki, bunge likachunguza, na kuanzia Aprili 2021 kanuni za msimamizi wa utangazaji, Ofcom, zikawataka watangazaji kulinda hali ya washiriki. Comic Relief nayo ilitangaza Oktoba 2020 kwamba haitatuma tena watu mashuhuri wa Uingereza kupiga filamu Afrika, na kwamba kazi hiyo itafanywa na watengenezaji filamu wa Afrika wenyewe. Lenny Henry aliunga mkono. Hatua hiyo ilikuja baada ya ukosoaji wa miaka kadhaa, ambao sauti yake kubwa ilikuwa ya mbunge wa London, David Lammy, hasa mwaka 2019 kuhusu picha iliyopigwa Uganda. Lammy alisema yaliyokuwa kweli, lakini alikuwa akiyatazama kwa mbali. Watu waliokuwa na maelezo ya karibu zaidi walikuwa wapangaji wa Kibera tangu 2011, umbali wa nauli ya matatu moja kutoka vyumba vya habari vya katikati ya jiji. Sasa kwa kuwa kamera imekabidhiwa watayarishaji wa Kiafrika, maswali ni yaleyale: nani alikubali, alilipwa ngapi, nini kilikatwa, na kodi ya mwezi wa pili ililipwa na nani.