Mbwa Huyu ni wa Nani?

Na Kitengo cha Mawasiliano Serikalini

Asubuhi moja ya kiangazi mwandishi wa makala haya aliongozana na Afisa Mifugo wa Kata hadi kwenye machimbo ya dhahabu ambayo wakati fulani yalikuwa na rashi kubwa. Vibanda vya turubai vilikwishang'olewa, maduara yamebaki wazi, na kwenye mialo ya kuchenjulia hapakuwa na mtu. Habari za dhahabu iliyoonekana kwingine zilikuwa zimewahamisha wachimbaji karibu wote ndani ya muda mfupi. Waliobaki walikuwa kaya chache, na mbwa. Chini ya mkwaju aliketi mzee mmoja, na miguuni pake amelala mbwa wa rangi ya vumbi.

"Shikamoo, baba. Mbwa huyu ni wako?"

"Marahaba, mwanangu. Huyu ni wa hapa."

"Wa hapa kwa nani?"

"Wa hapa hapa. Akibweka usiku tunaamka. Makombo yakipatikana anakula."

"Amewahi kuchanjwa?"

Mzee akacheka kwa upole. "Nani ampeleke? Nimekwambia ni wa hapa."

Katika vijiji na vitongoji vyetu jibu hilo husikika mara nyingi, wala halitolewi kwa ubaya. Mbwa analishwa, ana kazi, hata jina anaweza kuwa nalo. Wengine huitwa Simba, wengine Watasema, kwa ajili ya majirani. Hata hivyo, siku anapomng'ata mtoto wa jirani hageuki kuwa wa mtu. Anabaki wa hapa.

Jambo hili linashangaza kwa sababu ukanda wetu ni wa watu wanaoijua mifugo yao. Mfugaji wa Kisukuma humtambua ng'ombe wake kwa rangi na kwa pembe hata akiwa katikati ya kundi la wengine mia. Mwezi Juni 2025, katika mkoa jirani wa Simiyu, Rais Samia Suluhu Hassan alizindua kampeni ya kitaifa ya chanjo na utambuzi wa mifugo: ng'ombe dhidi ya homa ya mapafu, mbuzi na kondoo dhidi ya sotoka, kuku dhidi ya kideri. Leo ng'ombe huvishwa hereni na kuingizwa kwenye kumbukumbu za Serikali. Mbwa anayemlinda ng'ombe huyo usiku kucha mara nyingi hayumo katika daftari lolote.

Katika miji mikubwa kama Dar es Salaam na Arusha ufugaji wa mbwa na paka umezaa biashara kamili. Zipo kliniki zinazowatibu wanyama hao peke yao, maduka ya chakula chao kilichoagizwa kutoka nje, na watu wanaouza watoto wa mbwa wa jamii ya German Shepherd kupitia simu. Huku kwetu biashara hiyo imefika kwa sura nyingine. Kliniki ni pikipiki ya Afisa Mifugo, na duka ni lile la dawa za mifugo lililo karibu na mnada. Mwenye mbwa wa kulinda ghala la mpunga hahitaji chakula cha kopo kutoka ng'ambo. Anahitaji mambo machache, na la kwanza ni chanjo ya kichaa cha mbwa kila mwaka.

Kichaa cha mbwa huletwa na kirusi kinachokaa katika mate ya mnyama mgonjwa. Huingia mwilini kwa ng'ato, kwa mkwaruzo, au kwa kulambwa mahali penye kidonda, kisha husafiri taratibu kupitia mishipa ya fahamu kuelekea kwenye ubongo. Safari hiyo kwa kawaida huchukua miezi miwili au mitatu, lakini inaweza kuwa ya wiki moja au kufikia mwaka. Ndiyo maana watu hudanganyika: kidonda kimepona, mtoto amerudi shuleni, mbwa amesahaulika. Kirusi kikishafika kwenye ubongo na dalili kuanza, mgonjwa kuogopa maji na kushindwa kumeza, hakuna dawa inayojulikana kumponya, na karibu wote hufa. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa watu wapatao 59,000 hufa kwa ugonjwa huu kila mwaka duniani, wengi wao Asia na Afrika, na kwamba hadi 99 kati ya kila wagonjwa 100 waliambukizwa na mbwa. Takribani 4 kati ya kila 10 wanaofariki ni watoto walio chini ya miaka 15. Mtoto ndiye anayecheza na mbwa, ndiye anayetumwa dukani peke yake, na anapong'atwa huogopa kusema nyumbani asije akachapwa.

Naomba mzazi asisome haraka sehemu hii. Mtu aking'atwa, jeraha lioshwe papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15 kamili. Dakika 15 ni nyingi kuliko mtu anavyodhani. Tumia saa ya simu. Kuosha huondoa sehemu kubwa ya kirusi kabla hakijashika mshipa. Usipake majivu, oili chafu, pilipili wala nywele za mbwa aliyeng'ata. Kisha majeruhi apelekwe kituo cha afya siku hiyo hiyo ili aanze chanjo, na arudi kwa kila tarehe atakayopangiwa hata kama kidonda kimekauka. Kabla ya kusafiri, uliza kwa simu au kwa mhudumu wa afya wa kijiji ni kituo gani kina chanjo hiyo siku hiyo, maana familia nyingi hupoteza nauli na muda kwa kuzunguka.

Na mbwa aliyeng'ata? Hasira ya kwanza ya kijiji ni kumuua. Tunaielewa hasira hiyo, lakini mara nyingi inapoteza ushahidi. Ikiwa anaweza kufungwa bila mtu mwingine kudhurika, afungwe, apewe maji na chakula, na aangaliwe na Afisa Mifugo kwa siku 10. Mbwa aliyekuwa na kirusi kwenye mate siku aliyong'ata huugua au kufa ndani ya siku hizo. Akiwa mzima siku ya 10, daktari atajua la kufanya na dozi zilizobaki. Majeruhi asisubiri siku hizo ndipo aanze tiba; mambo haya mawili huenda pamoja. Kama mbwa amekwishauawa, kichwa kisipondwe na mzoga usitupwe wala kuliwa na wengine, kwa kuwa sampuli ya ubongo ndiyo inayopimwa maabara.

Si kila mbwa mwenye kichaa hukimbia huku na huko akitoa povu. Wapo wanaokuwa wapole kupita kawaida, taya limelegea, mate yanadondoka, sauti imebadilika. Mwenyewe hudhani mfupa umekwama kooni na kuingiza mkono kuutoa. Ng'ombe naye akiugua hudondosha mate vivyo hivyo, na mchungaji hutia mkono mdomoni akitafuta kilichokwama. Usitie mkono. Piga simu kwa Afisa Mifugo.

Wananchi huuliza kwa nini wataalamu wanasisitiza kuchanja mbwa 70 kati ya kila 100, na kwa nini kila mwaka. Sababu ni hesabu ya kawaida. Mbwa wa vijijini hawaishi sana. Wengi hufa wakiwa wachanga, na kila msimu huzaliwa wapya wasio na kinga. Ukichanja 70 leo, baada ya miezi 12 waliochanjwa watakuwa wamepungua mno, lakini wakiwa bado wanatosha kuuzuia ugonjwa usisambae hadi kampeni inayofuata. Ukianza na 30, miezi michache tu inatosha kuurudisha. Katika Wilaya ya Serengeti mkoani Mara, watafiti wamefuatilia ugonjwa huu tangu mwaka 2002 wakienda kaya kwa kaya kwa kila aliyeng'atwa, na huko ndiko sehemu kubwa ya ujuzi huu ilikopatikana. Kisiwani Pemba, uchanjaji wa mbwa uliuondoa ugonjwa kufikia mwaka 2014. Ukarudi mwaka 2016, ukaondolewa tena mwaka 2018. Pemba imezungukwa na bahari na bado ulirudi. Sisi tunaoishi kati ya barabara kuu, reli, minada na machimbo yanayofunguka na kufungwa hatuna bahari ya kutukinga.

Kutoka mkoani Mara ipo habari nyingine yenye manufaa kwetu. Ilidhaniwa kwamba chanjo ya mbwa lazima ikae kwenye jokofu wakati wote, jambo linaloviacha nje vijiji visivyo na umeme. Utafiti ulionesha kuwa aina mojawapo ya chanjo inayotumika sana hubaki na nguvu yake hata baada ya miezi 6 katika nyuzijoto 25, au miezi 3 katika nyuzijoto 30. Watafiti wakabuni namna ya kuihifadhi kwa chombo cha udongo kinachopozwa na maji yanayokauka, kwa kanuni ile ile ya mtungi wa maji ya kunywa. Bibi zetu wangeitambua kazi hiyo mara moja.

Tukirudi kwenye duka la dawa za mifugo, hapa pana kosa linalofanywa na watu wenye nia njema. Dawa ya kuogeshea ng'ombe humiminwa kwa makadirio juu ya mbwa mwenye kupe, na tone lililobaki hupakwa paka mwenye viroboto. Dawa za ng'ombe zimepimwa kwa uzito wa ng'ombe. Nyingi zina viuatilifu vya jamii ya pairethroidi, na mwili wa paka hauwezi kuvivunjavunja: hutetemeka, hupigwa na degedege na kufa, huku mwenye paka akidhani amerogwa. Mwenye duka aelezwe wazi kuwa dawa ni ya mbwa au ya paka, na umri na ukubwa wake. Matibabu yenyewe, kwa mujibu wa Sheria ya Veterinari ya mwaka 2003, ni kazi ya wataalamu wanaotambuliwa na Baraza la Veterinari Tanzania. Mtu anayezunguka na sindano mfukoni bila utambulisho asifunguliwe mlango. Malipo ya huduma ya Serikali hufanyika kwa namba ya malipo na hutolewa stakabadhi.

Walio karibu na machimbo wana tahadhari ya ziada. Maji ya mialo yanaweza kuwa na zebaki, na mabwawa ya kuchenjulia marudio huwa na sayanaidi. Mbwa aliyefungiwa bila maji mchana kutwa, akifunguliwa jioni, atakunywa popote. Weka sufuria ya maji kivulini.

Sheria ya Ustawi wa Wanyama Na. 19 ya mwaka 2008 inamtaka mwenye mnyama amtunze asiteseke, na hapa ndipo penye jambo ambalo, kwa maoni ya mwandishi, hatujalizungumza vya kutosha katika mikutano yetu. Mchimbaji anapohama hubeba kitanda, sola, pampu na karai. Mbwa humwacha. Mbwa aliyeachwa hana anayemlisha wala anayempeleka kuchanjwa, na huzaana na wenzake waliokwishaachwa. Anayemchukua naye bila chanjo anaweza kuupeleka ugonjwa kwenye machimbo mapya. Anayehama na mbwa wake amchanje kwanza, abebe kadi, na aulize kuhusu kibali cha kumsafirisha katika ofisi ya mifugo. Asiyeweza kuhama naye amkabidhi kwa mtu mwenye jina, mbele ya Mwenyekiti wa Kitongoji. Asiyetaka watoto wengi wa mbwa aulize kuhusu kuhasi dume au kufunga kizazi cha jike. Ni upasuaji wa kweli unaohitaji mtaalamu na dawa ya usingizi, si kazi ya wembe na watu wanne wa kushika miguu.

Chini ya mkwaju ule, Afisa Mifugo alitoa daftari na kuuliza mbwa aandikwe kwa jina la nani. Mzee alimtazama mbwa kwa muda. Kisha akataja jina lake mwenyewe, na kuuliza kama kuna deni lolote linalofuata. Aliambiwa deni ni moja, la kumleta siku ya chanjo.

Siku hizo hutangazwa kupitia Ofisi za Watendaji wa Vijiji na Kata, kwenye nyumba za ibada na shuleni. Usisubiri Septemba 28, Siku ya Kichaa cha Mbwa Duniani, ndipo uulize. Mbwa aletwe na mtu mzima anayemmudu, akiwa amefungwa kamba shingoni. Watoto wasitumwe na mbwa wakubwa. Mbwa mkali afungwe mdomo kwa kitambaa kabla ya kuingia kwenye foleni. Paka aletwe ndani ya kapu lenye mfuniko au mfuko wa salfeti uliotobolewa matundu, kwa kuwa paka akiona mbwa arobaini mahali pamoja hamsikilizi mtu. Jike mwenye mimba na watoto wachanga wa mbwa waletwe pia, mchanjaji ataamua. Utapewa kadi yenye jina lako, maelezo ya mnyama na tarehe. Itunzwe pamoja na kadi za kliniki za watoto, kwa kuwa siku ya ng'ato zote mbili zitatafutwa kwa wakati mmoja.