Kamera na Jasho la Mchoma Nyama

Nchini Marekani uchomaji wa nyama umekuwa shindano lenye vyama, majaji na vikombe. Mashindano makubwa ya Memphis yalianza mwaka 1978, na yale ya Kansas City mwaka 1980. Katika mashindano yafuatayo kanuni za chama cha Kansas City huchomwa kuku, mbavu, nyama ya nguruwe na kidari cha ng'ombe. Nyama huletwa mezani ndani ya visanduku visivyo na majina, na majaji hupima sura, ladha na ulaini. Twaisifu kanuni hiyo, maana jaji hamjui tajiri wala maskini.

Lakini kamera yachagua. Tangu mwaka 2009, kipindi cha televisheni kiitwacho BBQ Pitmasters kilipoanza, wapiga picha wamewafuata washindani mji hadi mji. Wala kazi yao si mchezo: hukesha kando ya moto, moshi machoni, mafuta yakirukia kioo cha kamera. Kidari chaweza kuchukua saa 10 na zaidi, ila mtazamaji huonyeshwa dakika chache tu. Je, ni nini kilichokatwa? Ni kungoja, kupanga kuni, kuchochea makaa. Yaani kazi yenyewe ndiyo ikatwayo, na kikombe ndicho kibakicho. Ndugu aliyepata kusimama nyuma ya jiko la mkaa kutwa nzima atatuelewa.

Ndiyo sababu twampenda zaidi Joe York, mtengeneza sinema wa Mississippi, ambaye kwa miaka mingi aliwapiga picha wapishi wa kusini mwa Marekani. Sinema yake fupi ya mwaka 2010, CUT/CHOP/COOK, yamhusu Rodney Scott, mtu mweusi wa Hemingway, South Carolina. Jina la sinema hiyo lataja vitendo vitatu vya kazi: kukata, kukatakata na kupika. Kwa akina Scott kuni huunguzwa ndani ya pipa mpaka ziwe makaa, kisha makaa huchotwa kwa koleo na kutandazwa chini ya nguruwe mzima, saa baada ya saa, usiku kucha. Mwaka 2018 Scott alipewa tuzo ya James Beard, na mwaka 2020 Netflix nayo ikamwonyesha.

Heshima hiyo ilichelewa kuwafikia watu wake. Mashimo ya moto ya kusini yalitunzwa na watumwa weusi, na karamu zikaitwa za mabwana zao. Henry Perry, mweusi aliyeanza kuuza nyama ya moshi Kansas City mwaka 1908, alifariki mwaka 1940. Jina lake liliingizwa katika orodha ya mashujaa wa uchomaji mwaka 2014.

Na mpiga picha je? Jina lake hupita mwishoni kwa herufi ndogo, watazamaji wakiwa wamekwisha kusimama.