Kibera kwa Jicho la Hawa Essuman

Yapo mazoea yaliyoota mizizi miongoni mwa wenye kamera. Wakitaka picha ya ufukara wa Afrika, huelekea Kibera. Hupiga picha za mabati yenye kutu, mitaro ya maji machafu na mtoto asiye na viatu, kisha hufungasha vyombo vyao wakaenda zao. Mkaazi wa pale hubaki sura tu, isiyo na jina wala fikira.

Ndiyo sababu nampa heko Hawa Essuman, mwelekezi wa filamu mwenye asili ya Ghana aliyelelewa papa hapa Nairobi. Filamu yake "Soul Boy" ya mwaka 2010, ambayo mswada wake uliandikwa na Billy Kahora, ilitengenezwa Kibera kwenyewe. Inamfuata Abila, mvulana wa miaka 14, anayemkuta babake amelegea, akinong'ona kwamba ameibiwa roho. Abila hamkimbilii mfadhili. Anamwendea Nyawawa, mwanamke anayeogopwa na wote, naye anampa majukumu saba ya kutimiza ili aikomboe roho hiyo. Mwandani wake ni Shiku, msichana Mkikuyu, ilhali yeye ni Mjaluo. Na majeraha ya ghasia zilizofuata uchaguzi wa 2007 yalikuwa yangali mabichi. Umaskini umo filamuni, lakini kinachotawala ni ujasiri wa mtoto.

Yamkini wapo watakaonikumbusha kwamba Tom Tykwer, mwelekezi Mjerumani aliyevuma kwa "Run Lola Run", ndiye aliyemwongoza Hawa katika kazi hiyo. Ni kweli. Hata hivyo, kushikwa mkono si kubebwa. Mnamo 2017 Hawa, akishirikiana na Anjali Nayar, alitoa "Silas", filamu ya matukio ya kweli kumhusu Silas Siakor, raia wa Liberia anayepambana na wanaopora misitu na ardhi ya nchi yake. Kutoka hekaya ya mizimu hadi ushahidi wa ufisadi ni mwendo mrefu, na si kila mwelekezi auwezaye. Lakini tazama vyema: Abila na Silas ni ndugu. Wote wawili hawaketi kumsubiri mwokozi kutoka mbali.

Linalonikera ni hili. Watazamaji wa tamasha la Rotterdam, Uholanzi, waliitunuku "Soul Boy" mwaka huo huo wa 2010. Je, ni vijana wangapi wa Kibera walioitazama? Na wale wa Kawangware, ng'ambo ya Barabara ya Ngong, ambao maisha yao ni yayo hayo? Katika mabanda ya video ya mitaa hiyo, aghalabu kinachotamba ni mapigano ya filamu za kigeni. Sinema za mjini nazo, nauli na tiketi yake ni chakula cha siku nzima.

Wahenga walinena kuwa mcheza kwao hutunzwa. Huyu alicheza kwao, akatunzwa ugenini. Halmashauri ya Filamu ya Kenya na walimu wakuu hawana budi kulirekebisha jambo hili. Filamu yenyewe ni ya takriban saa moja. Yatosha alasiri moja ya Ijumaa, ukuta mweupe na mtambo wa kuonyeshea. Mtoto wa Kawangware amekwisha kuonyeshwa mara nyingi jinsi wageni wanavyomwona. Sasa na aonyeshwe Abila.