Mji ukidharau amri ya mahakama, nani hubeba adhabu?

HALMASHAURI ya mji haina mikono ya kutiwa pingu. Inapokaidi amri ya mahakama, majaji hukabiliwa na swali gumu: adhabu imwangukie nani, mji wenyewe au watu wanaouendesha?

Swali hilo lina uzito kwa sababu faini ya halmashauri hulipwa kwa fedha za walipa kodi, huenda akiwamo yule yule aliyeshinda kesi.

Mfano mmoja mashuhuri ni wa mji wa Yonkers, katika Jimbo la New York, Marekani. Mwaka 1985 Jaji Leonard Sand aliamua kuwa mji huo ulikuwa umetenga makazi kwa makusudi kwa misingi ya rangi, na baadaye akaamuru zijengwe nyumba za gharama nafuu katika maeneo ya Wazungu.

Januari 1988 madiwani waliafiki utekelezaji. Hata hivyo, Agosti 1 mwaka huo, wanne kati ya saba waliupinga mpango wa kupitisha sheria ndogo iliyohitajika.

Jaji aliutia hatiani mji pamoja na madiwani hao kwa kudharau mahakama. Mji ulipangiwa faini ya dola 100 siku ya kwanza, ikiongezeka maradufu kila siku. Kila diwani mkaidi alipangiwa dola 500 kwa siku, na kifungo endapo angeendelea.

Kwa hesabu hiyo, faini ya siku ya 7 pekee ni dola 6,400, na ya siku ya 14 ni dola 819,200. Mahakama ya Rufaa iliweka ukomo wa dola milioni moja kwa siku.

Mahakama ya Juu ilisitisha kwa muda adhabu za madiwani, lakini si faini ya mji. Septemba 1988, faini hiyo ikiukaribia ukomo, wawili kati ya wale wanne walibadili kura na sheria ikapita.

Januari 1990 Mahakama ya Juu, kwa majaji watano dhidi ya wanne, iliamua kuwa haikuwa sahihi kuwatoza madiwani binafsi kabla ya kuona kama faini ya mji ingetosha. Diwani anayehofia mfuko wake, ilieleza, anaweza kupiga kura kwa maslahi yake badala ya kuwajali waliomchagua.

Afrika Kusini, swali kama hilo lilimhusu mtendaji. Mwaka 2017 Mahakama ya Katiba ilitengua uamuzi uliomtia hatiani mkurugenzi wa Manispaa ya Matjhabeng, iliyodaiwa na shirika la umeme la Eskom, kwa sababu hakuwa ameunganishwa binafsi katika shauri hilo.

Ilisisitiza pia kuwa mtu hawezi kufungwa kwa kosa hilo mpaka ithibitike, pasipo shaka ya kuridhisha, kwamba aliifahamu amri na kuikaidi kwa makusudi.

Hivyo, anayeishinda halmashauri hana budi kuhakikisha mapema kwamba mtendaji anayewajibika ametajwa na kukabidhiwa amri. Bila hivyo, hukumu huzunguka ofisi hadi ofisi, huku mshindi akiendelea kusubiri haki yake.